Anayesoma Kuanzia Chini

Wiki iliyopita niliwaacha Busunzu, uani kwa babu mdogo Nkunzimana, pale alipomwonyesha Anti Winifrida ujumbe kwenye simu yake, halafu akatema mate chini, nusura yaguse kiatu cha mgeni.

Kwa ambaye ndiyo kwanza analishika gazeti, ngoja nimweke sawa haraka.

Anti Winifrida ni mwandishi wa habari, anaishi Kasulu. Mimi ni Irakoze, nasoma kidato cha tano Kibondo mjini, nimepanga chumba na wenzangu wawili. Kuongea mbele za watu siwezi. Mwalimu akiniuliza swali, namwandikia jibu. Ndiyo maana Anti akanipa kazi ya kunifaa: ananitumia kwa WhatsApp sauti za wazee waliokimbia vita ya Burundi, mimi nasikiliza Kirundi chao wenzangu wakishalala, naandika kwa Kiswahili, namrudishia.

Sauti ya tisa ilikuwa ya babu mdogo mwenyewe.

Humo alisema kitu ambacho hajamwambia mtu kwa miaka zaidi ya thelathini. Mwaka tisini na tatu, kwenye kizuizi cha gogo barabarani, aliulizwa kama anamjua mtu aliyesimama pembeni yake. Akasema, "Huyu simjui." Akaachiwa apite. Yule mtu akabaki pale.

Yule mtu alikuwa kaka yake, Habonimana. Mume wa bibi yangu Immakulata. Babu yangu.

Bibi mpaka leo anajua mumewe alikufa kwa homa njiani. Ndivyo shemeji yake, babu mdogo huyu huyu, alivyomwambia.

Sasa huo ujumbe kwenye simu ya babu mdogo ulisema hivi: "Ulimkana Bazilio kwenye gogo. Jumapili simama kanisani useme yule mwandishi alikulisha maneno. Usiposema, Immakulata ataambiwa yote."

Na siku hiyo ilikuwa Alhamisi.

"Nilikupa roho yangu, mama," babu mdogo alimwambia Anti. "Ukaenda kuianika barabarani."

"Mzee, naapa..."

"Usiape hapa. Hapa ni kwangu."

"Mzee, maneno yako hayajatoka kwangu."

"Yametoka kwa nani? Kwa kuku hawa?" Akageuka kuniangalia. Mimi nikaangalia kuku. "Tena huyo Bazilio ni nani? Mimi Bazilio simjui. Ila gogo nalijua. Aliyeandika hivi anajua."

"Na lile jina?" Anti akauliza taratibu. "Uliniahidi wiki hii."

Alikuwa anaulizia jina la kijana aliyeshika daftari pale kwenye gogo, aliyekuwa anaita watu mmoja mmoja. Babu mdogo alishasema mtu huyo yu hai, yuko Kasulu, watu wanamwamkia shikamoo. Jina tu ndilo lilibaki.

"Sahau," babu mdogo akasema. "Jumapili nitasimama niseme ulinilisha maneno. Immakulata akijua nilichofanya, mimi nitamwangaliaje? Tunakaa benchi moja kanisani. Ananipikia nikiugua. Oya, hapana. Nenda zako."

Akaingia ndani akafunga mlango.

Tukapita kwa bibi, maana ukija Busunzu usipite kwa bibi yangu, utasikia maneno mwaka mzima. Tukakuta kikao cha harusi ya binamu yangu. Baba mkubwa Pasikali alikuwa kwenye kigoda, miwani puani, karatasi ya waalikwa mkononi, anasoma majina kuanzia chini kama kawaida yake.

"Wee Pasikali, anza juu kama watu!" bibi akamwambia. "Unatuchanganya."

"Mama, wa chini ndio wanaosahaulikaga," akajibu. "Mimi naanza nao."

Watu wakacheka. Utani huo nimekua nao.

Baba mkubwa si ndugu wa damu. Bibi alimpata kwenye kambi ya wakimbizi ya Mtabila. Alikuja siku moja na mzigo wa kuni mgongoni, akasema, "Mama, sina mtu, nipe kazi." Toka siku hiyo akawa mtoto wa nyumba. Sasa ana mashine za kusaga Kasulu, na ada yangu ya shule ni yeye. Nikimwona huwa napiga magoti kumwamkia, na siyo kwa kulazimishwa.

"Mwandishi, karibu," akamwambia Anti. "Unaandika nini siku hizi?"

"Mambo ya simu tu, kaka."

"Simu hizi zitatumaliza." Akanigeukia mimi. "Na wewe mwanangu, nina zawadi yako. Usiniulize nini."

Nikatabasamu chini kwa chini. Anti hakutabasamu.

Kituoni, tukisubiri gari la Kibondo, Anti akatoa simu, akajifanya anataka kutuma hela kwenye ile namba iliyoandika ujumbe. Si unajua, kabla hujakamilisha, jina la mwenye laini linatokea. Jina likatokea. Anti akashika kichwa.

"Tunu! Jamani, bibi Tunu wa Nyabibuye!"

Nikamwangalia.

"Huyu nilishamwandika. Habari yake ndiyo iliyonipa sifa kwenye kazi hii. Vijana walikuja kijijini na mashine ya kusajili laini. Vidole vya bibi vimeisha kwa jembe, havisomi vizuri. Wakawa wanamwambia, haijasoma, bibi, weka tena. Haijasoma, weka tena. Kumbe kila akiweka wanasajili laini nyingine. Laini kumi na moja kwa jina lake, na yeye hata simu hana. Mpaka leo zinauzwa chini ya meza." Akacheka kicheko kikavu. "Miaka kumi na tisa naandika wezi wa kompyuta na simu. Leo wamekuja kwangu na laini niliyoitoa gazetini mwenyewe."

Alipoongea tena, sauti ilikuwa imebadilika.

"Irakoze. Jina la Bazilio nani aliliweka?"

Hapo lazima niwaeleze jambo.

Utaratibu wa Anti ni mmoja: kwenye maandishi, jina la kweli haliingii. Habonimana nikamwandika Bazilio. Kwenye sauti Bazilio hayumo kabisa.

"Mimi," nikasema.

"Kwa hiyo aliyetuma ujumbe hakusikia sauti. Alisoma maandishi."

"Ndiyo."

"Na maandishi yapo kwa watu wawili. Mimi na wewe."

Moyoni nikasema, na wewe je, Anti? Umeandika watu miaka kumi na tisa. Habari yako imekwama, mzee hataki kutaja jina. Kumtisha kidogo si kungemlainisha? Mawazo mabaya hivyo, nayasema yalivyokuja.

"Unaniwazia mimi," Anti akasema.

"Hapana."

"Unaniwazia. Sawa tu, maana hata mimi nakuwazia wewe."

Simu yake ikaita. Mhariri wake. Alisikiliza muda mrefu, anaitikia "sawa, sawa" tu. Akakata.

"Kuna mtu kampigia. Kamwambia natunga ushahidi, na Jumapili mzee mwenyewe atasema mbele ya kanisa zima. Nimesimamishwa mpaka ijulikane." Akakunja kitenge chake magotini, akakikunjua. "Kama ni wewe, niambie leo. Leo nitakusamehe. Kesho sijui."

"Siyo mimi."

Nilisema kwa sauti, mimi nisiyeongea. Sasa wasomaji wangu, shikeni hapo, maana hilo ndilo neno linaloniumiza mpaka leo.

Ijumaa baada ya vipindi nikafungua daftari langu la siri. Siyo la shajara. Ni daftari ninalobandikia habari zote za Anti Winifrida toka nikiwa kidato cha kwanza, nabandika kwa gundi ya ugali, kurasa zimekauka kama mkate wa juzi. Nilikuwa natafuta kitu cha kumshtaki. Sehemu aliyowahi kumtisha mtu. Sehemu aliyowahi kudanganya.

Nikakuta kitu kingine.

"Ukienda steshenari kuchapa," Anti aliandika miaka minne iliyopita, "ukafungua WhatsApp yako kwenye kompyuta ya watu na usiifunge, umeondoka ila macho yako umeyaacha pale. Kila utakachoandikiwa, mwenye kompyuta anakisoma."

Nilikuwa nimeipigia mstari kwa kalamu nyekundu. Mimi mwenyewe.

Nikachukua simu. Nikaingia kwenye mipangilio, kwenye vifaa vilivyounganishwa.

Kulikuwa na kompyuta moja. Chini yake imeandikwa mara ya mwisho kutumika: leo, saa nne na dakika kumi asubuhi.

Saa nne na dakika kumi nilikuwa darasani, kwenye kipindi cha Jiografia.

Kila kitu kikanirudia. Mwezi uliopita, steshenari ya Mudathiri. Anti alitaka sauti ya tisa kwenye karatasi. Mudathiri akaniambia, "Mwanangu, skani hapa uchape mwenyewe, mimi nina foleni." Nikaskani. Ukurasa wa pili ukiwa nusu ndani ya printa, umeme ukakatika. Mudathiri akafunika laptop. "Njoo kesho." Kesho nikaja, karatasi zilikuwa tayari ndani ya bahasha. Nikachukua, nikashukuru, nikaondoka.

Ile laptop sikuifungua tena. Wala sikujitoa.

Ningempigia Anti pale pale, mambo yangekuwa mengine. Sikupiga. Nilijiambia, ngoja kwanza nimkamate Mudathiri, ndiyo niseme. Ukweli ni kwamba niliogopa.

Jumamosi saa mbili nilikuwa mlangoni kwake. Watu watano kwenye foleni. Nikampa kikaratasi: "Laptop nyeusi ya pale mezani iko wapi?"

Mudathiri ni mtu wa Tanga, mdomo wake haujui kupumzika. Akakisoma kwa sauti, foleni nzima isikie.

"Haya, bubu wangu kaja na barua! Mwanangu, siku ya ndoa yako utamjibu shehe kwa fomu?"

"Mkristo huyo," mtu mmoja akasema nyuma.

"Basi padri! Padri ndiyo atajaziwa fomu!" Wakacheka. "Ile nyeusi niliiuza, mama."

Nikaandika: "Kwa nani?"

"Aa, hapo umenipata pabaya. Nimeapishwa nisiseme."

Nikaandika: "Naenda polisi."

Hiyo hakuisoma kwa sauti. Akanivuta pembeni, karibu na mashine ya fotokopi.

"Polisi tena? Wallahi wewe mtoto! Kwa zawadi yako mwenyewe?"

Nikaandika: "Zawadi gani?"

"Baba yako mkubwa, yule mzee wa mashine za kusaga. Wiki tatu sasa. Alikuja kutoa kopi, mimi nikawa nakusifia. Nikamwambia, huyu mtoto wako anaandika mambo mazito huyu, mambo ya vita, makurasa na makurasa, na hapa ndipo anapochapia. Akasema, basi niuzie hiyo hiyo, nimpe zawadi. Nikamwambia ngoja nifute vitu vya watu. Akasema usifute kitu."

"Usifute kitu?"

"Ee! Kumbe unaongea!"

Sikumsikia tena. Nilikuwa namsikia babu mdogo, sauti ya tisa, dakika ya kumi na nne. Maneno niliyoyaandika kwa mkono wangu:

"Kijana alishika daftari la shule. Sisi tulijua tumeandikwa mwisho mwisho, tukasema muda tunao, labda watachoka. Kumbe yeye alikuwa anasoma kuanzia chini. Wa mwisho ndio tukawa wa kwanza."

Nakumbuka usiku ule nilipofika hapo nilicheka. Naungama. Nilicheka peke yangu chini ya blanketi, nikasema, kama baba mkubwa vile. Halafu nikaendelea kuandika.

Nikatoka nje nikakaa kwenye kibaraza. Nikampigia Anti Winifrida. Sikuandika, nilipiga.

"Anti. Ni mimi."

"Ni wewe nini?" akauliza.

"Niliacha WhatsApp wazi kwa Mudathiri. Nilijua toka jana. Nisamehe. Na aliyeinunua laptop ni..." Nikafunga macho. "Ni baba mkubwa. Anti, anasoma kuanzia chini. Anasoma kila kitu kuanzia chini."

Nilimsikia akivuta pumzi. Aliielewa ile sentensi haraka kuliko mimi.

"Kwa nini hamtaji?" nikauliza. "Babu mdogo anamwona kila anapokuja Busunzu!"

"Kwa sababu kila mmoja ana siri ya mwenzake, mtoto wangu. Mzee akimtaja yeye, yeye anamwambia bibi yako. Ndivyo walivyoishi miaka yote hiyo. Na Bazilio aliliandika makusudi, ili mimi na wewe tushukiane." Nikasikia mlango wa gari. "Naondoka Kasulu sasa hivi. Sikiliza vizuri. Usiitoe hiyo laptop kwenye simu yako, ni ushahidi. Na usiandike kitu. Usimwandikie mtu yeyote neno hata moja. Umesikia?"

"Nimesikia."

Akakata.

Nikatazama simu. Vifaa vilivyounganishwa. Kompyuta moja. Sasa ilikuwa imeandikwa: inatumika.

Yaani wakati ule ule, mimi nimekaa kwenye kibaraza cha steshenari, yeye yuko mahali anaangalia mazungumzo yangu. Yule aliyenilipia ada. Aliyeninunulia sare. Aliyemfuata bibi kambini na kuni mgongoni, akijua mume wa bibi alibaki wapi.

Nilijaribu kutulia. Wallahi nilijaribu, kama anavyosema Mudathiri. Lakini mimi hasira yangu haijui kutoka mdomoni. Inatokea vidoleni.

Nikafungua ile sehemu ya kujiandikia mwenyewe, ninapowekaga ratiba za mitihani. Nikaandika:

"Baba mkubwa, najua unasoma."

Nikatuma. Dakika ikapita. Muuza karanga akapita. Dakika nyingine.

Halafu maneno yakatokea chini ya maneno yangu. Upande wangu, kwa rangi yangu, kama nimeyaandika mimi:

"Vizuri. Zawadi yako imefika Busunzu. Njoo."

Nikasimama. Busunzu. Kwa bibi. Hakusubiri Jumapili.

Hapo ndipo nilipoona ujinga wangu ulivyo mkubwa. Kwenye yale maandishi, babu mdogo anaonekana wazi anavyomkana kaka yake, na mwenye daftari hana jina. Bibi akishasomewa hayo, babu mdogo hata akisema jina kesho, nani atamwamini? Watasema anamsingizia mtu mwema kujisafisha. Na nani ameyaandika? Mimi.

Simu ikaita. Namba ya baba mkubwa.

Niliiacha iite mara tatu. Ya nne nikapokea, nikaiweka sikioni bila kusema kitu.

"Irakoze? Mwana wanje, mwanangu?"

Alikuwa bibi.

"Mbona husemi? Haya, najua uko hapo, nakusikia unavyohema. Baba yako mkubwa ameniletea hii mashine yako ya kuandikia. Anasema ndani kuna habari za marehemu mume wangu, umeziandika wewe kwa mkono wako. Ni kweli?"

"Bibi..."

"Basi ni kweli." Nyuma yake nilisikia mtu akikohoa, kikohozi ninachokijua. "Nimetuma mtu akamwite shemeji Nkunzimana, naye asikie habari za kaka yake. Yuko hapo njiani, namwona anakuja na fimbo yake."

"Bibi, usisome kitu. Nakuja. Usisome kitu!"

"Nitasomaje na mimi sijui kusoma? Pasikali ndiye alianza kunisomea, ila si unamjua, kaanzia chini. Sijaambulia neno. Nimemwambia funga, namsubiri aliyeandika kwa mkono wake. Panda pikipiki, mwanangu. Njoo unianzie juu."